Bolo Hakupigana na Bruce Lee: Kazi ya Adui katika Picha za Kichina

Wakikutana watu wazima wa Mombasa waliokulia Majengo, Bondeni au Kibokoni, na mazungumzo yakageukia picha za Kichina, kuna pambano moja ambalo hutajwa kwa yakini kabisa: Bruce Lee akimwangusha Bolo, lile pande la mtu la upande wa adui, katika Enter the Dragon. Wengine watasimama wakuonyeshe hata teke lenyewe. Pambano hilo halimo. Katika picha ile Bruce Lee anapigana na O'Hara, anapambana na kundi la walinzi chini ya ardhi, kisha anamalizana na Han, bosi mwovu mwenye kisiwa, ndani ya chumba cha vioo. Bolo anashindwa uwanjani na Roper, yule Mmarekani aliyeigizwa na John Saxon. Bruce Lee hamgusi hata kwa kidole.

Kosa hili la kumbukumbu lina sababu yake, na sababu hiyo inaeleza jambo ambalo watazamaji wengi hawajapata kulifikiria. Bolo aliwekwa pale ili hatari ionekane kubwa kupita kiasi, kubwa hata mtu aamini kwamba ni Bruce Lee peke yake angeweza kuiondoa. Alilifanya hilo vizuri mno hata vichwa vya watu vikamaliza kilichobaki. Hiyo ni kazi, na ina ujuzi wake, shule zake, ngazi zake za kupanda na njia zake za kuishia. Nataka kuifuatilia hatua kwa hatua, kwa sababu mji huu umewapenda waigizaji hawa kwa sura bila ya kuwajua kwa majina, na wengi wao wanastahili kujulikana.

Tuanze na majina, kwa maana hapo ndipo watu hupotea kwanza. Jina la mwigizaji wa Bolo kwa Kimandarini ni Yang Sze. Kwa Kikantoni, lugha ya Hong Kong, ni Yeung Sze. Maandishi yaleyale mawili ya Kichina, matamshi mawili. Mwandishi wa majina ya mwisho wa picha akiwa ameajiriwa na studio ya watu wa Mandarini ataandika hivi, na msambazaji wa Marekani ataandika vile, au atabuni lake. Ndiyo maana utakuta mtu mmoja katika picha tatu ana majina matatu. "Bolo" lilikuwa jina la mhusika wa Enter the Dragon ya mwaka 1973. Picha ilipozunguka dunia, jina la mhusika likamganda mwigizaji, naye akalikubali na kulitia mbele ya jina la ukoo: Bolo Yeung. Kwa mwigizaji msaidizi hilo lilikuwa jambo la thamani kubwa. Shida ya kwanza ya watu wa daraja lake ni kwamba mtazamaji huondoka ukumbini anamkumbuka "yule mrefu", "yule wa kicheko", "yule mwenye nyusi nyeupe". Bolo alipata jina la silabi mbili ambalo mtoto wa Likoni na mtoto wa Chicago wote wanaweza kulitamka.

Alizaliwa Guangzhou, kusini mwa China, akahamia Hong Kong akiwa kijana, na kilichompeleka kwenye sinema ni mwili. Alikuwa mtunisha misuli, akashinda taji la Mr. Hong Kong. Hapa lazima tusimame kidogo, kwa sababu mlango aliopitia haukuwa mlango wa kawaida.

Mlango wa kawaida ulikuwa opera. Opera ya Peking si kuimba tu. Ni sarakasi, ni panga na mikuki, ni kuruka kinyumenyume mara kumi ukisimama palepale ulipoanzia. Hong Kong ya miaka ya 1950 na 1960 ilikuwa na shule za kufunza watoto sanaa hiyo. Iliyo mashuhuri zaidi ni ya mwalimu Yu Jim-yuen, ambako mzazi alitia saini mkataba wa miaka na kumwacha mwanawe mikononi mwa mwalimu, chakula, malazi na fimbo pamoja. Jackie Chan alipita pale, na Sammo Hung, na Yuen Biao, Yuen Wah, Corey Yuen, na msichana aitwaye Yuen Qiu. Hawa wenye "Yuen" si ndugu. Wamechukua sehemu ya jina la mwalimu wao, kama ilivyokuwa desturi. Msomaji anayedhani kuna ukoo mmoja uliozaa nusu ya waigizaji wa Hong Kong sasa ameshajua. Kuna hata familia nyingine ya akina Yuen isiyohusiana na shule hiyo, ya mzee Yuen Siu-tien na mwanawe Yuen Woo-ping, nitakayoifikia.

Vijana hawa walipohitimu, opera yenyewe ilikuwa inakufa. Watu walikuwa wamehamia sinema. Basi wakaenda kuuza walichokuwa nacho, yaani miili inayojua kuanguka bila kuvunjika, kwa studio za filamu, na wakalipwa kwa siku.

Studio kubwa ilikuwa ya ndugu Shaw. Run Run Shaw na nduguze walijenga mji mzima wa sinema kule Clearwater Bay, uliofunguliwa mwaka 1961, wenye mitaa ya uongo ya China ya kale, karakana za nguo na silaha, na mabweni ya waigizaji. Ulisaini mkataba, ukalipwa mshahara, ukalala palepale, na asubuhi ukaambiwa leo wewe ni mnyang'anyi wa mlimani, kesho askari wa mfalme. Mshindani wao, Golden Harvest, alizaliwa mwaka 1970 pale Raymond Chow alipoondoka kwa akina Shaw, na ndiye aliyempata Bruce Lee. Kwa waigizaji wakuu ushindani huo ulikuwa baraka. Kwa wasaidizi ulimaanisha kwamba sasa kulikuwa na milango miwili ya kubisha badala ya mmoja.

Bolo alianza kwa akina Shaw. Anaonekana katika King Boxer ya mwaka 1972, picha ambayo mwaka uliofuata ilipelekwa Marekani kwa jina la Five Fingers of Death na kuwasha moto wa karate kwenye majumba ya sinema ya nchi nyingi. Humo ni mtu wa nguvu tu, anakuja, anatisha, anashindwa, anaondoka. Kazi ya dakika chache.

Sasa, kazi yenyewe ni ipi? Hapa ndipo ningependa tukae.

Pambano la Hong Kong halipigwi picha kama la Hollywood. Hollywood ya zamani hupenda kuweka kamera mbali, waigizaji wacheze ugomvi wote, kisha warudie kwa karibu, na mhariri achague. Hong Kong hukatakata. Mpangaji wa mapigano huonyesha mapigo manne, matano, pengine kumi. Waigizaji wanajifunza palepale. Wanapigwa picha. Kisha kamera inahamishwa, linapangwa fungu linalofuata kuanzia mkono ulipoishia. Pambano la dakika tano linaweza kula siku nyingi namna hii. Kila fungu linahitaji watu wawili wenye mdundo mmoja, na katika wawili hao anayeshindwa ndiye mwenye mzigo mkubwa. Mpigaji hurusha mguu. Ni mpigwaji anayeamua kama mguu ule ulikuwa mzito, kwa jinsi kichwa kinavyozunguka, kwa wakati anaouacha mwili uondoke, kwa anavyotua. Akichelewa kidogo, stering, yaani shujaa wa picha, anaonekana anapiga hewa. Akiwahi, inaonekana amejiangusha.

Mtu wa pwani hahitaji kuelezwa sana, kwa sababu tunayo kirumbizi. Wawili wanaingia uwanjani na bakora, ngoma na nzumari zikilia, na bakora zinashuka kwa nguvu inayomfanya mgeni afunge macho. Wajuzi wanajua kwamba utamu wa mchezo uko kwa anayekinga. Yeye ndiye anayemfanya mpigaji aonekane simba, na yeye ndiye anayeweka mdundo.

Kuna ufundi mwingine mdogomdogo ambao unasaidia kuelewa ulichokuwa ukikiona. Unga au vumbi hupakwa kwenye nguo ili pigo likifika, wingu litoke na jicho liliamini. Kamera hupunguzwa kasi kidogo wakati wa kupiga picha, ili filamu ikichezwa kwa mwendo wa kawaida mikono ionekane na wepesi zaidi ya ule uliokuwepo. Sauti zile za makofi na mbao hutiwa baadaye studioni. Lakini sehemu kubwa ya mguso ni ya kweli. Teke linafika, ijapokuwa limepunguzwa, na mtu aliyerushwa kutoka ghorofani ameanguka kweli, chini kukiwa na maboksi matupu na magodoro, na mara nyingine pasiwe na kitu. Katika Enter the Dragon chupa anazovunja O'Hara zilikuwa chupa za kweli.

Bolo hakuwa mrukaji. Ndiyo maana mfano wake unafundisha: alikuwa na ujuzi mmoja ambao wana-opera hawakuwa nao, nao ni kusimama. Tazama Han anapowaadhibu walinzi walioshindwa kumkamata mvamizi wa usiku. Anawatoa mbele ya wageni, na Bolo anawaua mmoja baada ya mwingine. Hakuna sarakasi hata moja. Anasogea polepole, anawashika, anawavunja, uso haubadiliki. Neno hasemi. Hapo mtazamaji ameshapewa kipimo cha hatari ya kisiwa kizima, na kipimo hicho kitamfuata mpaka mwisho. Ninaamini hizo ndizo dakika zilizozaa lile pambano lisilokuwepo ambalo watu wetu wanalikumbuka.

Kwa nini basi waandishi hawakuwapambanisha? Kwa sababu picha ilikuwa na mashujaa watatu na kila mmoja alihitaji mtu wake. Ilikuwa ubia wa Golden Harvest na Warner Bros., imeelekezwa na Robert Clouse, na Wamarekani walitaka uso wao uwe na ushindi wa maana. Roper akapewa Bolo. Williams, yaani Jim Kelly, bingwa wa karate mweusi aliyeingizwa dakika za mwisho baada ya mwigizaji wa kwanza kuondoka, akapewa kifo katikati ya picha mikononi mwa Han. Kwa mtazamaji wa Kiafrika kifo hicho kina uchungu wake. Kelly alikuwa na kila kitu cha kufika mwisho, mtindo, mdomo, miguu, na hata hivyo hesabu ya picha ilimtaka afe ili hasira ya mtazamaji ipande. Naye pia, kwa kipimo ninachotumia hapa, alikuwa mwigizaji msaidizi, ingawa mwaka uliofuata Warner walimpa picha yake mwenyewe, Black Belt Jones.

Ndani ya picha hiyohiyo unaweza kuona ngazi yote ya kazi hii. Chini kabisa wamo wale wa kuanguka. Mmoja wao, kule mahandakini, anashikwa nywele na Bruce Lee na kuvunjwa shingo. Huyo ni Jackie Chan, wakati huo hana jina. Katika pambano la mwanzo kabisa, yule mnene mwepesi anayeshindwa na Bruce Lee mbele ya watawa ni Sammo Hung. Juu yao yuko mkono wa kulia wa adui, yaani Bolo na O'Hara. Na juu kabisa yuko bosi, Han.

Han aliigizwa na Shih Kien, na kama kuna mtu mmoja anayeonyesha kwamba uadui ni taaluma ya maisha, ni mzee huyu. Alizaliwa mwaka 1913, akajifunza kung'fu kwelikweli ujanani. Mwaka 1949 zilianza picha za Wong Fei-hung, tabibu na mpiganaji wa Kusini, shujaa akiwa Kwan Tak-hing. Zilitengenezwa zaidi ya 70, na mwaka nenda mwaka rudi yule mwovu alikuwa Shih Kien, na kicheko chake. Fikiria maana yake: mtu ameshindwa na mtu yuleyule kwa zaidi ya miaka ishirini, na watu wakarudi kulipa kiingilio kumwona akishindwa tena. Alipofika Enter the Dragon alikuwa na umri wa takriban miaka sitini. Sauti ya Kiingereza tunayoisikia si yake; ni ya Keye Luke, mwigizaji wa Marekani mwenye asili ya China. Kwa hiyo yule Han anayetisha ni watu wawili, mmoja ametoa mwili na mwingine koo. Shih Kien aliishi mpaka mwaka 2009.

Watu huuliza kama ngazi hiyo hupandwa mpaka juu, mpaka ustering. Mara chache. Jackie na Sammo walipanda, lakini walipanda kwa kupitia upangaji wa mapigano. Hilo ni jambo muhimu. Anayepanga mapigo ndiye anayeamua nani ataonekana vizuri, na mtu aliyeanguka miaka kumi anajua kinachofanya kazi kuliko mwelekezi aliyeketi kitini. Han Ying-chieh, bosi mwovu anayepigana na Bruce Lee mwisho wa The Big Boss ya mwaka 1971, ndiye pia aliyepanga mapigano ya picha hiyo. Mshahara wa msaidizi haukutosha. Ukipata mkono wa pili, wa kupanga au kuelekeza, unakaa.

Kushuka nako kupo. Lo Lieh, mzaliwa wa Indonesia, ndiye aliyekuwa shujaa wa King Boxer. Dunia nzima ilimjua kabla ya kumjua Bruce Lee vizuri. Kisha upepo ukageuka, Bruce Lee akaweka kipimo kipya cha shujaa, na Lo Lieh akarudi upande wa maadui. Hakujidharau kule. Ndiye kuhani mwenye nyusi na ndevu nyeupe, Pai Mei, katika Executioners from Shaolin ya mwaka 1977, adui anayevuta mguu wa mpinzani kwa kinena na kutembea naye. Mimi namhesabu miongoni mwa waigizaji bora wa aina hii ya picha, na nadhani alikuwa bora zaidi akiwa mwovu kuliko alipokuwa mwema.

Halafu kuna mlango ambao uko wazi kwa wazee tu: mwalimu. Yule Yuen Siu-tien niliyemtaja alikuwa ameshacheza picha kwa miongo mingi, nyingi zikiwa zile za Wong Fei-hung, bila ya dunia kumjua. Mwaka 1978 mwanawe, Yuen Woo-ping, alimweka awe mzee mlevi anayemfunza Jackie Chan katika Drunken Master. Pua nyekundu, kibuyu cha pombe, nywele timtim. Akawa staa wa ghafla uzeeni, na Januari 1979 akafariki. Adui wa picha hiyo, yule wa mateke, ni Hwang Jang Lee, Mkorea bingwa wa taekwondo. Ukitaka kujua kwa nini Jackie alionekana mpya mwaka ule, tazama miguu ya Hwang. Mateke yale matatu hewani kabla hajatua ndiyo yaliyomfanya Jackie awe na sababu ya kujifunza chochote.

Turudi kwa Bolo. Julai 20, 1973 Bruce Lee alifariki, kabla ya Enter the Dragon kuonyeshwa Marekani. Kilichofuata kiliwachanganya watazamaji wa Mombasa kama kilivyowachanganya wa kwingine kote. Watengenezaji walitaka Bruce Lee mwingine, wakawaleta Bruce Li, Bruce Le, Dragon Lee, majina yaliyokatwa makusudi yafanane na lile la marehemu. Ukisimama mbele ya bango nje ya sinema ya Regal au Majestic, ungehitaji macho makali kujua kama unaingia kumwona mwenyewe au kivuli chake. Na hapa msaidizi akapata nguvu asiyokuwa nayo awali. Shujaa alikuwa wa kughushi. Bolo alikuwa wa kweli. Alikuwa amesimama kweli pamoja na Bruce Lee mbele ya kamera moja. Kumweka katika picha kuliipa picha hiyo nasaba. Ndiyo maana miaka ya 1970 ikielekea ukingoni utamkuta kila mahali, hata katika The Clones of Bruce Lee, ambamo baadhi ya vivuli vya namna hiyo vimekusanywa pamoja. Alielekeza hata picha ya kwake, akiwa yeye ndiye mhusika mkuu, inayoitwa Bolo. Haikumgeuza kuwa stering. Nadhani mtazamaji hakutaka. Mwili ule ulikuwa umeshatamka kitu kimoja kwa sauti kubwa mno, kwamba mtu huyu ni kikwazo, na si rahisi kuamua siku moja kukaa upande wa kikwazo.

Miaka ya 1980 ilikuja na kanda za vidio, na maisha ya wasaidizi yakabadilika kwa namna wasiyoipanga. Picha iliyokuwa ikionyeshwa wiki mbili kisha ikatoweka sasa ilikaa mtaani miaka. Mabanda ya vidio yalienea Kisauni, Likoni, Magongo na kwingineko, ubao wa chaki nje, mabenchi ndani, feni moja. Mtoto aliweza kuitazama picha ileile mpaka akawajua hata wale wa kuanguka, akakuambia, "Huyu ndiye aliyekufa kwenye ile ya jana." Kwa maoni yangu hakuna mhakiki aliyewatendea haki waigizaji hawa kuliko watoto hao wa mabenchini.

Ndani ya wakati huo ikaja Bloodsport, mwaka 1988. Kisa chake kinadaiwa kuwa cha kweli, madai ambayo yamepingwa vikali na waandishi wa habari wa Marekani, lakini hilo halitugusi hapa. Shujaa ni Jean-Claude Van Damme, wakati huo hajulikani. Bolo ni Chong Li, bingwa wa mashindano ya siri. Miaka kumi na mitano imepita tangu Enter the Dragon, na mtu aliyekuwa na dakika chache sasa ni adui mkuu. Angalia alivyokua kikazi. Bado anasema maneno machache sana. Lakini safari hii anacheza na umati: anachezesha misuli ya kifua, anasikiliza jina lake likiimbwa, anaenda kwa mpinzani anayefuata na kumnyooshea kidole. Anapomuua mtu ulingoni na watu wakampa mgongo, uso wake unaonyesha kitu ambacho Bolo wa 1973 hakuruhusiwa kuonyesha, mshangao wa mtu mwenye kiburi anayegundua kwamba amebaki peke yake. Kisha anaficha unga wa kumtia mwenzake machoni. Bingwa anayedanganya ni mtu mwenye hofu, na hofu hiyo imechezwa bila neno.

Bila ya Chong Li hakuna Van Damme. Ninalisema hili nikijua kuna watakaolipinga. Mbelgiji yule alikuwa na mateke mazuri na uso wa kupendeza, na wengi walikuwa hivyo. Kilichomfanya aaminike ni ukubwa wa mtu aliyemwangusha. Wenyewe walijua, kwa kuwa mwaka 1991 katika Double Impact walimrudisha Bolo, mwenye kovu usoni, apigane naye tena. Baada ya hapo zikafuata picha za bei nafuu zilizokwenda moja kwa moja kwenye kanda, na baadhi yake jina lake liko juu ya kasha kuliko la shujaa.

Jambo moja zaidi lazima litajwe, ambalo ni letu. Picha za Hong Kong za wakati ule hazikurekodiwa sauti papo hapo. Sauti zote zilitiwa baadaye, Kimandarini, Kikantoni au Kiingereza, mara nyingi na watu wengine kabisa. Mwigizaji msaidizi alizoea kunyang'anywa sauti. Kenya ilipopata watafsiri wa picha, DJ Afro akiwa mashuhuri kuliko wote, wanaosimulia juu ya filamu kwa Kiswahili cha mtaani tangu mwanzo hadi mwisho, kilichotokea kilikuwa mwendelezo wa desturi hiyo ya zamani. Na ni wasaidizi waliofaidika zaidi. Stering kisa chake kinajulikana. Msimuliaji ana nafasi ndogo ya kuongeza. Lakini mlinzi wa pili kutoka kushoto, aliyekuwa bubu, anapewa jina, deni dukani, mke anayemngoja, na sababu ya kupigana. Kisanii hilo si jambo dogo. Mtu aliyeajiriwa awe umati anageuka mtu.

Kimapato hakuna kilichowafikia. Mkataba wa Hong Kong ulilipa mshahara au ujira wa picha, ukaishia hapo. Iwapo kanda imenakiliwa mara elfu na kuonyeshwa pwani nzima ya Afrika Mashariki, mwigizaji hakuongezewa senti. Wengi walibebwa na uzee wa mwili kabla ya uzee wa miaka: magoti, migongo, shingo. Akina Shaw waliacha kutengeneza filamu katikati ya miaka ya 1980 wakahamia televisheni, na waliokuwa mabwenini wakalazimika kutafuta kwingine. Lam Ching-ying, aliyekuwa kijana wa kuanguka katika timu ya Bruce Lee, alipata bahati ya Mr. Vampire mwaka 1985, akiwa kuhani anayepambana na maiti wanaorukaruka. Akarudishwa kuwa kuhani wa namna hiyohiyo picha baada ya picha mpaka alipofariki mwaka 1997. Watu walimtaka hivyo tu.

Wachache walirudi. Mwaka 2004 Stephen Chow, mwigizaji na mwelekezi wa Hong Kong, alitengeneza Kung Fu Hustle na akawatafuta wazee. Mama mwenye nyumba, mwenye vifungo vya nywele na sigara mdomoni, ni Yuen Qiu, msichana yule wa shule ya opera, aliyekuwa ameacha sinema kwa miaka mingi. Mumewe ni Yuen Wah. Filamu hiyo ilimpa Yuen Qiu tuzo ya Golden Horse ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, na Yuen Wah akapewa tuzo ya Hong Kong ya mwigizaji bora msaidizi wa kiume. Wote wawili walikuwa wamepita miaka hamsini. Yuen Wah ndiye aliyekuwa akimrukia Bruce Lee mahali pa sarakasi: katika Enter the Dragon, Bruce Lee anapopinduka kinyumenyume hewani, anayepinduka ni yeye, amevalishwa nguo zile zile, uso umegeuzwa usionekane.